Upungufu wa damu Nyanda za Juu Kusini: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Haya ni maswali yanayorudi kila wiki kwenye dirisha la maabara na kwenye benchi la kliniki ya mama na mtoto, kuanzia Mafinga hadi Tunduma. Yamepangwa kama watu wanavyouliza, kwa hiyo usishangae jibu moja likiwa refu na linalofuata likawa la mistari miwili. Yatakusaidia kuelewa na kuuliza vizuri. Kupimwa kuko palepale.

Upungufu wa damu ni nini? Ina maana damu imepungua mwilini kama maji kwenye pipa?

Kwa kawaida hapana. Ukimwondoa majeruhi wa ajali au mama anayevuja damu baada ya kujifungua, mwenye upungufu wa damu ana damu ya kutosha kwa ujazo. Kinachokosekana ni hemoglobini, ile protini nyekundu iliyomo ndani ya chembe nyekundu, ambayo hubeba oksijeni kutoka kwenye mapafu na kuifikisha kwenye misuli, ubongo na kila kiungo. Hemoglobini haitengenezwi bila madini ya chuma. Chembe zenyewe huzaliwa ndani ya uboho wa mifupa, nazo zinahitaji pia foleti (vitamini B9, ambayo kwenye vidonge huitwa asidi ya foliki) na vitamini B12. Zikishatoka huko huishi siku 120 hivi, kisha mwili huzivunja na chuma chake hutumika tena.

Damu basi hupungua kwa njia tatu: chembe hazitengenezwi za kutosha, zinavunjwa kabla ya wakati wake, au zinatoka nje ya mwili. Mtu mmoja anaweza kuwa na zote tatu kwa pamoja, na huku kwetu hilo si ajabu. Ndiyo maana ukiandikiwa "upungufu wa damu" kwenye daftari, una haki ya kuuliza swali moja kabla hujaenda dirisha la dawa: imepungua kwa sababu gani?

Nitajuaje kama ninao?

Uchovu usioisha hata ukilala, kuishiwa pumzi kwenye kilima ulichozoea kukipanda bila kufikiri, moyo kwenda mbio, kichwa kuuma, kizunguzungu ukisimama ghafla, mikono na miguu kuwa ya baridi. Tatizo ni kwamba mtu wa Uyole au Makambako tayari ana maelezo mengine kwa kila dalili hapo: kilima ni kikali, Julai kuna baridi, shamba limechosha. Halafu damu ikipungua polepole kwa miezi, mwili hujizoeza. Wapo wanaoingia maabara kwa miguu yao wenyewe, mtoto mgongoni, na kipimo cha hemoglobini, kinachoandikwa Hb, kikasoma 5.

Angalia weupe: ndani ya kope la chini, kwenye ulimi, kucha na viganja. Kwa mtoto, weka kiganja chake kando ya kiganja chako au cha mtoto mwingine mwenye afya. Usitegemee uso, rangi ya uso hudanganya. Hata hivyo Hb ya 9 au 10 mara nyingi haionekani kwa macho, hata macho ya mhudumu mzoefu.

Mama yangu ana presha ya kushuka. Ni kitu kilekile?

Hapana. Presha ni msukumo wa damu kwenye mishipa, hupimwa kwa mashine ya mkononi. Upungufu wa damu hupimwa kwa tone la damu. Vyote viwili huleta kizunguzungu, ndiyo maana watu huvichanganya, na mtu anaweza kuwa na presha ya kupanda huku damu yake ni kidogo. Mwenye ugonjwa wa figo, kwa mfano, huwa hivyo mara nyingi.

Hb yangu ni 12.4, nimeambiwa niko sawa. Ni kweli?

Inategemea unaishi wapi, na hili ndilo jambo ambalo watu wengi wa nyanda za juu hawajawahi kuambiwa.

Viwango vya Shirika la Afya Duniani vinasema mwanamke asiye mjamzito ana upungufu wa damu akiwa chini ya gramu 12 kwa desilita. Mwanaume, chini ya 13. Mjamzito, chini ya 11, ila katika miezi mitatu ya katikati ya mimba ni chini ya 10.5. Mtoto wa miezi 6 hadi 23 kikomo chake ni 10.5, na kuanzia miaka miwili hadi kabla ya mitano ni 11. Viwango hivyo vyote ni vya mtu anayeishi usawa wa bahari. Kadiri unavyopanda, hewa inakuwa nyepesi, oksijeni inapungua, na mwili wenye afya hujibu kwa kutengeneza hemoglobini zaidi. Jiji la Mbeya liko mita 1,700 hivi juu ya usawa wa bahari. Iringa mjini ni zaidi ya mita 1,500, Njombe inakaribia 2,000, na sehemu kubwa ya Makete inapita hapo. Mwongozo wa shirika hilo wa mwaka 2024 unaongeza gramu 1.1 kwenye kikomo cha anayeishi kati ya mita 1,500 na 1,999, na gramu 1.4 kwa anayeishi kati ya mita 2,000 na 2,499.

Piga hesabu. Kwa mwanamke wa Mbeya mjini asiye mjamzito, kikomo si 12 tena, ni 13.1. Ile 12.4 ambayo Dar es Salaam ingepita bila swali, hapa inaonyesha upungufu mdogo. Mashine ya Tukuyu ni ileile ya Tanga; haijui kama iko mlimani, na mara nyingi karatasi ya majibu huja na kiwango cha pwani.

Hii isikufanye ukimbilie vidonge. Kama umehamia juzijuzi kutoka Kyela, ambako ni kama mita 500 tu, mwili wako bado unajirekebisha. Kama unavuta sigara, moshi wenyewe hupandisha Hb bila kukupa afya yoyote. Kwa tofauti ndogo namna hii kinachofaa ni mazungumzo: hedhi ikoje, unakula nini, unachoka kiasi gani, na ikiwezekana upimwe akiba ya chuma.

Sababu zake kubwa huku kwetu ni zipi?

Upungufu wa madini ya chuma ndio unaoongoza, na nyuma yake kuna chuma kidogo kwenye sahani au damu inayotoka, au vyote viwili. Kwa wanawake, hedhi. Ikizidi siku 7, ikitoa mabonge, au ikilowesha pedi ndani ya saa moja au mbili, hiyo ni nyingi. Usikubali kuambiwa "ndivyo ulivyoumbwa" kabla kizazi hakijaangaliwa kwa ultrasaundi, maana uvimbe wa kizazi ni jambo la kawaida na unatibika. Mimba zinazofuatana bila kupumzika nazo humaliza akiba ya chuma ambayo huuchukua mwili miezi mingi kuijenga upya.

Minyoo ya safura hupenda udongo wenye joto na unyevu. Hupenya kwenye ngozi ya mguu ulio peku, husafiri hadi kwenye utumbo, hung'ang'ania ukuta wake na kunyonya damu kila siku. Mmoja mmoja hauna madhara makubwa; mamia yao kwa mtoto mdogo au mjamzito ni habari nyingine. Kichocho nacho hutoa damu kupitia mkojo au choo, na waliozoea kusimama kwenye maji ya mifereji ya mpunga wanapaswa kukitaja kwa daktari bila kusubiri kuulizwa.

Malaria inahitaji ramani. Mkazi wa Makete anaweza kukaa miaka bila kuugua malaria. Mkazi wa Kyela, au wa mashamba ya mpunga ya Usangu kule Mbarali, hana bahati hiyo. Ila watu wetu husafiri: mtu wa Wanging'ombe anakwenda kulima mpunga msimu mzima, anarudi nyumbani na homa, na kwa kuwa nyumbani hakuna malaria hakuna anayeifikiria. Mtu wa mlimani hana kinga iliyojengeka, kwa hiyo ikimpata humshika vibaya na chembe nyingi huvunjwa kwa siku chache. Mwambie mhudumu ulikotoka.

VVU haviwezi kurukwa katika mikoa hii. Utafiti wa kitaifa wa mwaka 2022 hadi 2023 ulikuta maambukizi kwa watu wazima ni asilimia 12.7 Njombe, 11.1 Iringa na 9.6 Mbeya, wakati wastani wa taifa ulikuwa asilimia 4.4. Virusi vyenyewe huudhoofisha uboho, kifua kikuu kinachoandamana navyo hufanya hivyohivyo, na dawa ya zidovudini, ambayo wapo wachache bado wanaitumia, inajulikana kwa kushusha damu. Mtu mzima mwenye damu kidogo isiyoelezeka apimwe VVU. Hakuna anayemshuku kwa lolote; ni hatua ya uchunguzi kama nyingine.

Kuna sababu ambayo haitajwi sana: dawa za maumivu. Anayebeba magunia ya viazi au kuchuma chai siku sita kwa wiki hununua diklofenaki au ibuprofeni dukani kama anavyonunua peremende. Zikitumika kwa wiki na wiki hukwangua tumbo, kidonda kinavuja polepole, na mgonjwa haoni damu yoyote mpaka choo kiwe cheusi kama lami. Pombe nayo ina njia yake. Mnywaji wa kila siku wa ulanzi au komoni ambaye sahani yake imeshakuwa ndogo hukosa foleti.

Tunalima mahindi, maharage, viazi, ndizi, parachichi. Inawezekanaje tukakosa damu?

Swali hili huulizwa kwa hasira kidogo, na hasira hiyo ina haki. Mikoa hii inalisha nchi, na wakati huohuo utafiti wa afya ya jamii wa mwaka 2022 uliiweka Iringa juu kabisa kitaifa kwa udumavu wa watoto, asilimia 56.9, Njombe ikifuatia kwa 50.4. Udumavu na upungufu wa damu ni mambo mawili, lakini hupita mlango mmoja: tumbo limejaa wanga, virutubisho vingine havipo. Kitaifa, utafiti wa mwaka 2015 hadi 2016 ulikuta asilimia 58 ya watoto walio chini ya miaka mitano na asilimia 45 ya wanawake wa umri wa kuzaa wana upungufu wa damu.

Ugali mweupe na mboga za kuchemsha hutoa chuma kidogo, na mwili hukifyonza kwa shida. Chuma cha nyama, maini, kuku na samaki huingia kirahisi zaidi. Si lazima kila siku iwe nyama. Maini kidogo mara moja kwa wiki, au usipa wa Ziwa Nyasa waliosagwa na kuchanganywa kwenye mboga ya mtoto, hubadilisha mambo. Maharage na mboga za majani zina chuma chao, ila zinahitaji kusaidiwa na vitamini C kwenye mlo huohuo: kachumbari mbichi, limau, chungwa, pera. Mapera yanaoza chini ya miti nusu ya mwaka na bado tunanunua juisi za pakiti.

Nafaka na maharage yana kitu kinachoitwa faiteti, ambacho hukamata chuma na kukizuia kisiingie mwilini. Kuloweka maharage na kumwaga maji yake, kuchachusha uji, au kutumia ulezi uliooteshwa hukipunguza. Wanaopika komoni wanajua kutengeneza kimea cha ulezi vizuri kuliko mtaalamu yeyote wa lishe. Kimea hichohicho kikisagwa na kutiwa kwenye uji wa mtoto kinafaa sana.

Kweli chai inapunguza damu?

Chai haiharibu damu iliyopo. Inachofanya ni kuzuia chuma cha chakula kisifyonzwe, kwa sababu ya tanini, ile inayoleta ukakasi mdomoni. Kikombe kimoja kinachonywewa pamoja na mlo wa maharage au mboga kinaweza kupunguza chuma kinachoingia kwa zaidi ya nusu. Kahawa hufanya vilevile.

Katika nchi ya Mufindi, Rungwe na Njombe kumwambia mtu aache chai ni kupoteza muda wake na wako. Isogeze tu. Kunywa saa moja au zaidi baada ya kula, au katikati ya asubuhi peke yake. Mtoto wa chini ya miaka miwili hana haja ya chai hata kidogo, na chai ya rangi na ugali wa jana kama kifungua kinywa cha mjamzito ni mlo wa kuubadilisha kwanza kabla ya kingine chochote.

Rozela, bitiruti, matembele yaliyosagwa: zinaongeza damu?

Wekundu wa kinywaji hauingii kwenye chembe za damu. Rozela ina vitamini C, kwa hiyo glasi yake pamoja na maharage ina faida halisi, isipojazwa sukari. Bitiruti ina foleti na chuma kidogo. Matembele na mchicha ni mboga nzuri, ila yapikwe kidogo na kuliwa mengi. Juisi ya majani mabichi iliyochujwa huacha sehemu kubwa ya chakula kwenye chujio na huweza kubeba vijidudu.

Kama Hb ni 11, vyakula hivi na mlo bora vinaweza kukusogeza. Kama ni 7, kutegemea juisi ni kuchelewa.

Nina hamu ya kula udongo. Ni kwa sababu damu ni kidogo?

Mara nyingi ndiyo. Hamu ya pemba, ule udongo wa vipande unaouzwa sokoni, au ya mchele mbichi au barafu, huandamana na upungufu wa chuma, na kwa wengi hupotea chuma kikirudi. Udongo wenyewe hukamata chuma tumboni na unaweza kuwa na mayai ya minyoo. Wajawazito huficha jambo hili kwa aibu. Usifiche, ni kidokezo kizuri kuliko vingi tunavyopewa.

Niombe vipimo gani?

Zahanati wanapima Hb kwa tone la kidoleni, na kipimo cha haraka cha malaria. Hiyo inatosha kuanzia. Kwenye kituo cha afya au hospitali ya wilaya, omba picha kamili ya damu, ambayo wengi tunaiita FBP. Humo usiangalie Hb peke yake. Angalia ukubwa wa chembe, ulioandikwa MCV: zikiwa ndogo, mara nyingi ni chuma kinachokosekana, zikiwa kubwa, fikiria foleti, vitamini B12, pombe au baadhi ya dawa, zikiwa za kawaida, huenda kuna ugonjwa sugu, figo, au damu iliyotoka karibuni. Chembe nyeupe na chembe sahani (zile zinazogandisha damu) zikishuka pamoja na nyekundu, uboho wenyewe una tatizo na hapo rufaa haina mjadala.

Kulingana na maelezo yako vitaongezwa choo, mkojo, VVU, figo, na kipimo cha selimundu (sickle cell), ugonjwa wa kurithi wa chembe nyekundu. Akiba ya chuma hupimwa kwa feritini, ambayo haipatikani kila mahali. Hospitali ya Rufaa ya Kanda Mbeya na maabara kubwa ndiko pa kuuliza. Fahamu kwamba feritini hupanda ukiwa na homa au maambukizi, hivyo jibu la "kawaida" wakati unaumwa linaweza kuficha upungufu.

Nimepewa FEFO (vidonge vya chuma na asidi ya foliki), zinanichefua na choo kimekuwa cheusi. Niache?

Usiache. Choo cheusi ni chuma ambacho hakikufyonzwa, hakina madhara. Tofauti yake na damu inayovuja tumboni ni kwamba damu hufanya choo kuwa laini, chenye kunata kama lami na harufu mbaya sana; hicho ni cha kukimbiza hospitali.

Kichefuchefu, kiungulia na kufunga choo hupungua ukimeza kidonge baada ya mlo mdogo au usiku kabla ya kulala. Tumbo likiwa tupu hufyonzwa vizuri zaidi, lakini kidonge kinachomezwa na chakula ni bora kuliko kinachotupwa chooni. Meza kwa maji au juisi ya chungwa, kamwe si kwa chai wala maziwa. Dawa za kiungulia na antibiotiki kama siprofloksasini na doksisaiklini zitenganishwe nacho kwa saa kadhaa. Kumeza vidonge vitatu kwa siku, kama ilivyozoeleka zamani, kwa watu wengi hakuongezi faida inayolingana na usumbufu: ukishameza chuma kingi, mwili hufunga mlango kwa karibu siku nzima. Kwa asiye mjamzito, kimoja kwa siku au hata siku moja baada ya nyingine huweza kutosha; zungumza na aliyekuandikia.

Ndani ya wiki nne Hb inapaswa kupanda angalau gramu 1. Isipopanda, ama huvimezi, ama bado unatoka damu, ama tatizo halikuwa chuma. Ikishafika kawaida, endelea miezi mitatu ili kujaza akiba. Hapa ndipo wengi hukosea: wanajisikia vizuri, wanaacha, baada ya nusu mwaka wamerudi palepale.

Vifungie mbali na watoto. Vidonge vichache vya chuma vinaweza kumuua mtoto mdogo.

Natumia ARV. Naweza kuchanganya na FEFO?

Unaweza, kwa mpangilio. Dozi inayotumiwa na wengi sasa ina dolutegraviri, na chuma huikamata tumboni isifyonzwe. Ukivimeza vyote pamoja na chakula hakuna tatizo. Tumbo likiwa tupu, ARV imezwe angalau saa mbili kabla ya FEFO au saa sita baada yake. Mjulishe mhudumu wa CTC, yaani kliniki ya VVU. Kliniki ya wajawazito na CTC hazizungumzi kila mara.

Ni mjamzito. Nianze lini?

Hudhurio la kwanza, na liwe mapema, kabla ya wiki 12. Mjamzito anahitaji miligramu 30 hadi 60 za chuma na 0.4 za asidi ya foliki kila siku, hata kama Hb yake ni nzuri, maana mtoto na kondo la nyuma huchukua kiasi kikubwa. Ukikutwa na upungufu, dozi huongezwa. Dawa ya minyoo hutolewa baada ya miezi mitatu ya kwanza. Dawa ya SP ya kuzuia malaria huanzia hapohapo pia, isipokuwa kwa wanaotumia kotrimoksazoli (septrini). Chandarua hata kama unaishi mlimani, hasa ukipanga kwenda kujifungulia kwa mama mkwe Kyela.

Damu ikiwa kidogo ukifika leba, kiasi cha damu ambacho mwenzako angekitoa na kusimama, wewe kinaweza kukuua. Kwa hiyo Hb irudiwe kuelekea mwisho wa mimba, na mwenye damu kidogo sana asijifungulie mahali pasipo na benki ya damu. Muombe mkunga asikate kitovu haraka: kusubiri dakika 1 hadi 3 humpa mtoto akiba ya chuma ya miezi yake ya kwanza.

Mtoto wangu ana miezi minane, ananyonya vizuri, kwa nini damu ni kidogo?

Kwa sababu akiba aliyozaliwa nayo huisha karibu na miezi sita, na maziwa ya mama, pamoja na uzuri wake wote, yana chuma kidogo. Aliyezaliwa njiti huishiwa mapema zaidi. Endelea kunyonyesha, lakini uji wa mahindi mtupu haumtoshi: tia usipa waliosagwa, maini yaliyopondwa, kiini cha yai, maharage yaliyomenywa. Maziwa ya ng'ombe yasiwe kinywaji chake kikuu kabla ya mwaka mmoja. Rungwe ng'ombe wapo kila boma na kishawishi ni kikubwa, ila maziwa hayo yana chuma kidogo na huweza kusababisha utumbo wa mtoto kuvuja damu kidogokidogo. Akifikisha mwaka, asikose dawa ya minyoo kwenye kampeni za Juni na Desemba.

Mume wangu ana Hb ya 9. Apewe tu vidonge?

Mwanaume hana hedhi wala mimba. Akikosa chuma, mpaka ithibitike vinginevyo, anavuja mahali: vidonda vya tumbo, minyoo, bawasiri, au saratani ya tumbo au utumbo, hasa akiwa amevuka miaka 50. Vilevile kwa mama aliyekoma hedhi. Vidonge vitapandisha namba na kuficha kinachoendelea. Apimwe choo, na ikibidi apelekwe kwa kipimo cha kamera inayoingizwa tumboni au kwenye utumbo.

Selimundu iko huku pia?

Ipo. Jeni yake ilienea zaidi kwenye maeneo yaliyoishi na malaria kwa vizazi vingi, hivyo milimani ni chache kuliko pwani na Kanda ya Ziwa. Lakini Mbeya ni mji wa reli ya TAZARA na barabara kuu ya kwenda Zambia. Watu wametoka kila kona. Mtoto mwenye macho ya njano, vidole vilivyovimba na maumivu ya mara kwa mara apimwe. Mwenye selimundu hupewa asidi ya foliki, kinga ya malaria, na wengi hufaidika na dawa ya haidroksiyurea. Chuma asipewe mpaka kipimo kionyeshe kinakosekana, kwa sababu chembe zake huvunjika na chuma hubaki mwilini, na kila chupa ya damu anayoongezewa huleta kingine.

Lini mtu huongezewa damu?

Namba peke yake haiamui. Mtoto mwenye Hb ya 4 au chini huongezewa. Wa 4 hadi 6 huongezewa akihema kwa shida, akizimia au akiwa na malaria kali. Mtu mzima chini ya 7 mwenye dalili, au anayeendelea kuvuja, vilevile. Mwenye Hb ya 6 aliyefika hapo polepole na yuko imara anaweza kutibiwa kwa chuma cha dripu, ambacho hufaa pia wajawazito walioshindwa vidonge au waliobakiza muda mfupi kujifungua.

Usisubiri miadi ukiona kuhema haraka ukiwa umekaa, maumivu ya kifua, kuzimia, kuvimba miguu pamoja na kuishiwa pumzi, kutapika damu, choo cha lami, au mtoto aliyelegea na kushindwa kunyonya.

Naweza kuchangia damu nikiwa naishi huku?

Ndiyo, na inahitajika. Mpango wa Taifa wa Damu Salama una kituo cha kanda Mbeya. Uwe na miaka 18 hadi 65, uzito wa kilo 50 au zaidi, na Hb yako ipimwe kabla. Mwanaume hurudia baada ya miezi mitatu, mwanamke baada ya minne. Damu hupimwa VVU, homa ya ini B na C, na kaswende. Haiuzwi, anayekudai fedha kwa ajili ya chupa ya damu anavunja utaratibu, muulizie kwa mganga mfawidhi. Mjamzito na anayenyonyesha wasichangie, na mwenye hedhi nyingi apime kwanza, akikumbuka kile kikomo cha mlimani.